Jinsi ya Kuomba Ruzuku za Kupunguza Matumizi ya Nishati Nyumbani Marekani: Mwongozo Kamili

Ukishika jambo moja tu katika mwongozo huu, lishike hili: kibali kwanza, kazi baadaye. Ruzuku za serikali kuu ya Marekani za kuboresha nyumba kwa kawaida hazilipii kazi iliyokwisha kufanyika. Ukifunga pampu ya joto (mashine ya umeme inayopasha nyumba wakati wa baridi na kuipoza wakati wa joto) wiki hii kwa fedha zako, kisha wiki ijayo ukapeleka risiti, utakataliwa hata kama kipato chako kinakubalika na kifaa ulichonunua kimo kwenye orodha yao. Na ni rahisi mno kunaswa hapo, kwa sababu hita mara nyingi hufa Januari, watoto wanatetemeka, fundi wa kwanza kupokea simu ndiye anayepewa kazi, na karatasi zinasainiwa usiku huo huo. Wakati mzuri wa kushughulikia habari hizi ni sasa, hita ikiwa bado inafanya kazi.

Fedha zinatoka wapi

Agosti 2022 Marekani ilipata sheria inayoitwa Inflation Reduction Act, na ndani yake zikatengwa dola bilioni 8.8 kwa ajili ya ruzuku za nishati majumbani. Ziko katika mafungu mawili. Fungu la HOMES, la dola bilioni 4.3, hulipa kulingana na kiasi cha nishati ambacho nyumba nzima itaokoa. Fungu la HEAR, la dola bilioni 4.5, hulipia vifaa maalumu vya umeme pamoja na kazi zinazoambatana navyo, kama kubadilisha nyaya. Majina haya mawili yaandike mahali, maana ndiyo utakayoyatafuta kwenye tovuti ya jimbo lako. Majimbo mengine yameyapa mipango yao majina tofauti kabisa, lakini ukisoma chini ya ukurasa utakuta HOMES au HEAR imetajwa.

Wizara ya Nishati haikupi fedha wewe mwenyewe. Inazipeleka kwa serikali za majimbo, na kila jimbo hupanga nani aanze, vifaa gani vilipiwe na mafundi gani waruhusiwe. New York ilitangulia kufungua, Mei 2024. Wisconsin ilifuata Agosti mwaka huo huo. South Dakota haikuchukua fedha hizo. Kuna majimbo yaliyofungua fungu moja tu, na kuna mafungu yanayojaa na kufungwa kabla mwaka haujaisha. Kwa hiyo ndugu yako aliyeko jimbo jingine akikuambia amefungiwa pampu ya joto kwa bei ya chini, furahi naye, lakini usipange bajeti yako kwa maneno yake. Ulizia ofisi ya nishati ya jimbo lako.

Nje ya mafungu hayo kuna milango mingine mitatu. Wa kwanza ni WAP, mpango wa kuzikinga nyumba dhidi ya baridi na joto ulioanza mwaka 1976. Huu hauchangishi mwenye kipato kidogo hata senti: mafundi huja, huziba mianya, huweka vihami joto (vitu vya kuzuia joto lisipite) darini, hukagua hita na hewa ya sumu ya kaboni monoksidi. Wengi wetu wenye haki nao hatuuombi, na inauma, kwa sababu ndio mpango mkarimu kuliko yote. Wa pili ni kampuni yako ya umeme au gesi, ambayo mara nyingi ina ruzuku zake za thamostati, hita za maji na vihami joto. Wa tatu ni jiji au kaunti.

Mlango mmoja umefungwa, na uuangalie vizuri, kwa sababu wauzaji bado wanautaja. Nafuu ya kodi ya serikali kuu, ile iliyorudisha asilimia 30 ya gharama ya madirisha, pampu za joto na vihami joto, ilifutwa na sheria iliyosainiwa tarehe 4 Julai 2025. Kazi yoyote iliyokamilika baada ya tarehe 31 Desemba 2025 haihesabiwi humo. Kama kazi yako ilikamilika kabla ya tarehe hiyo na hukuidai, bado unaweza kurekebisha ritani ya mwaka huo kwa kutumia Fomu 5695, kwa kawaida ndani ya miaka 3. Lakini anayekuahidi nafuu hiyo kwa kazi mpya, mwachie aende zake.

Anza na bili, kisha kipato

Kabla ya kumpigia mtu yeyote simu, kusanya bili za umeme na gesi za miezi 12 mfululizo. Ukiwa na akaunti mtandaoni, zipakue zote kwa mkupuo mmoja. Zina kazi mbili. Zinathibitisha kuwa unaishi hapo, na kwenye HOMES zinatumika kusahihisha hesabu ya kompyuta inayokadiria nyumba itaokoa kiasi gani. Bili za miezi 3 hazionyeshi baridi na joto vyote viwili, na hesabu itakayotoka haitaaminika.

Angalia pia nyumba inapashwa joto kwa nishati gani: gesi, mafuta, propani, au umeme wa kawaida. Jibu hilo ndilo litakaloamua mengi huko mbele.

Sasa kipato. Kipimo kinachotumika ni kipato cha kati cha eneo, na kwenye fomu utakiona kwa herufi AMI. Wizara ya nyumba ya serikali kuu, HUD, hutoa jedwali jipya kila mwaka, kaunti kwa kaunti, kulingana na idadi ya watu katika kaya. Kikomo cha watu 6 ni kikubwa kuliko cha watu 2, kwa hiyo familia kubwa zisijikatie tamaa mapema kwa kuangalia mshahara peke yake. Bibi anayeishi nanyi au mpwa aliyekuja kusoma wahesabiwe kama fomu inavyoelekeza, mkikumbuka kwamba mapato ya watu wazima wote wa nyumba nayo yataingizwa kwenye hesabu.

Kwa HEAR, kaya iliyo chini ya asilimia 80 ya AMI inaweza kulipiwa gharama yote hadi kikomo cha kila kifaa. Iliyo kati ya asilimia 80 na 150 hulipiwa nusu. Iliyo juu ya asilimia 150 haimo. Kwa HOMES sheria yenyewe haikuweka ukomo wa kipato, ingawa wenye kipato kidogo hupewa zaidi na jimbo linaweza kuamua kuwatanguliza. WAP ina kipimo chake tofauti: kaya iwe chini ya asilimia 200 ya kiwango cha umaskini cha serikali kuu, au iwe na mtu anayepokea SSI, msaada wa serikali kuu kwa wazee na wenye ulemavu wa kipato kidogo.

Kama mmoja wenu tayari yuko kwenye mpango wa msaada wa serikali kama Medicaid, SNAP, WIC au LIHEAP, uliza kabla ya kuanza kupakia hati za mishahara. Barua ya kuthibitisha kwamba mmo katika mpango kama huo mara nyingi inatosha kuwa ushahidi wa kipato, na inakuokoa kazi ya kutafuta karatasi za waajiri wawili watatu.

Ni kiasi gani hasa

Viwango vya juu vya HEAR vilivyowekwa na sheria ni hivi:

- Pampu ya joto ya kupasha na kupoza nyumba: dola 8,000
- Paneli kuu ya umeme: dola 4,000
- Nyaya za umeme: dola 2,500
- Hita ya maji inayotumia pampu ya joto: dola 1,750
- Vihami joto, kuziba mianya ya hewa na njia za kuingiza hewa: dola 1,600
- Jiko la umeme: dola 840
- Mashine ya kukaushia nguo inayotumia pampu ya joto: dola 840

Kaya moja haivuki dola 14,000 kwa jumla. Jumlisha tatu za kwanza uone: pampu, paneli na nyaya peke yake zinafika dola 14,500. Nyumba ya zamani inayohitaji vyote vitatu kwa gharama kamili itakuwa imemaliza fungu lake kabla ya kufika kwenye jiko. Ndiyo maana ni lazima upange kipi kitangulie, usichukue kimoja kimoja jinsi wauzaji wanavyokuja.

Halafu kuna vikomo viwili vinavyofanya kazi kwa pamoja, na hapa wengi hushangaa siku ya kulipa. Tuseme kufunga pampu ya joto kunagharimu dola 13,000. Kaya iliyo chini ya asilimia 80 ya AMI inapata 8,000, kwa sababu ndio mwisho wa kifaa hicho, na inabaki na dola 5,000 za kutafuta. Kaya iliyo kati ya asilimia 80 na 150 inapata 6,500, yaani nusu ya gharama. Neno "bure" kwenye tangazo linaweza kuwa kweli kwa jiko lenye bei ya kawaida na lisiwe kweli kwa pampu. Dai tarakimu ya mwisho unayotakiwa kulipa wewe, kwa maandishi.

Sharti jingine: HEAR ililetwa kuhamisha nyumba kutoka gesi na mafuta kwenda umeme wenye ufanisi. Ukiwa na jiko la gesi na unataka la umeme, unafaa. Ukiwa na jiko la umeme lililochakaa na unataka jipya la umeme, hufai. Pampu ya joto inayochukua nafasi ya hita ya gesi inafaa. Inayochukua nafasi ya hita ya umeme ya kawaida nayo inaweza kukubaliwa, kwa kuwa kwako ni pampu ya kwanza. Lakini kubadilisha pampu ya zamani kwa pampu mpya hakumo. Na kifaa kiwe na alama ya ENERGY STAR, ile ya vifaa visivyokula nishati nyingi, pale aina hiyo ya kifaa inapokuwa nayo. Usinunue chochote dukani kwa kuangalia picha ya tangazo. Chukua namba ya modeli, uilinganishe na orodha ya jimbo.

HOMES huhesabu tofauti. Kazi ikikadiriwa kuokoa nishati ya nyumba nzima kwa asilimia 20 hadi 34, kaya ya kawaida hupata hadi dola 2,000, na ikifika asilimia 35 au zaidi hupata hadi dola 4,000, kwa masharti kwamba ruzuku haivuki nusu ya gharama. Kaya iliyo chini ya asilimia 80 ya AMI huongezewa hadi 4,000 na 8,000, kwa ukomo wa asilimia 80 ya gharama. Hapa kuna nafasi ya kutumia akili. Nyumba ambayo kazi zake zimekadiriwa kuokoa asilimia 32 haiko mbali na 35. Mwulize mkaguzi ni kazi gani ndogo, pengine kuziba mianya ya chini ya sakafu, ingeivusha. Kaya ya kipato kidogo inaweza kuona kikomo chake kikipanda mara mbili kwa kuongeza kazi ya dola mia chache.

Huwezi kuchukua HOMES na HEAR kwa kifaa hicho hicho, lakini unaweza kuzitumia zote mbili katika nyumba moja kwa kazi tofauti: mathalani HEAR ilipie pampu, HOMES ilipie vihami joto. Ruzuku ya kampuni ya umeme mara nyingi inaweza kuongezwa juu yake, ilimradi jumla isizidi gharama ya kazi.

Makaratasi, na hasa majina

Utahitaji kitambulisho, uthibitisho wa umiliki au mkataba wa pango, bili, na ushahidi wa kipato: ritani ya kodi ya mwaka uliopita, slipu za mishahara za karibuni, au ile barua ya mpango mwingine. Hayo ni ya kawaida. Linalokwamisha maombi ya watu wetu kuliko kukosa karatasi ni majina yasiyofanana.

Chukua bili ya umeme uiweke mezani karibu na kitambulisho na hati ya nyumba. Soma herufi kwa herufi. Mara nyingi jina la baba limekaa mahali pa jina la ukoo kwenye kitambulisho, kisha kwenye hati ya nyumba limekaa katikati, na bili imeandikwa kwa jina la mke au la kijana aliyefungua akaunti siku mliyohamia kwa sababu ndiye aliyejua Kiingereza. Mkaguzi wa maombi hawajui ninyi. Anaona watu watatu tofauti katika nyumba moja, na analirudisha ombi. Pigia kampuni ya umeme ubadilishe jina la mwenye akaunti au uongeze la pili kabla ya kuomba. Ni simu moja. Kama tofauti iko kwenye hati ya nyumba, andika maelezo mafupi uyaambatishe na nakala ya ushahidi, kwa mfano cheti cha ndoa au hati ya uraia inayoonyesha jina la zamani. Anwani nayo iwe moja kila mahali, hata namba ya fleti.

Piga picha za karatasi mchana karibu na dirisha, pembe zote nne zionekane, kila hati iwe faili lake lenye jina linaloeleweka. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari: nunua daftari moja, andika kila simu uliyopiga, tarehe, jina la aliyepokea na namba ya ombi aliyokupa.

Ukaguzi wa nyumba

HOMES huhitaji ukaguzi wa nishati kabla ya kazi, na WAP hufanya wa kwake bila malipo. Hata pale HEAR isipokulazimisha ukaguzi kamili, mimi nakushauri uufanye. Kampuni nyingi za umeme huutoa kwa bei ndogo au bure.

Ukaguzi mzuri una kipimo cha mlango. Mkaguzi hufunga madirisha yote, huzima hita, hukwambia uzoe majivu ya mekoni kama una sehemu ya kuni, kisha hutandika turubai lenye feni kubwa kwenye mlango wa mbele. Feni huvuta hewa ya ndani na kuitoa nje mpaka tofauti ya kanieneo ifike paskali 50. Hapo usikae sebuleni ukisubiri majibu. Tembea naye. Peleka kiganja kwenye soketi ya ukuta wa nje, kwenye ubao wa chini ya ukuta, pembeni ya kifuniko cha kupandia darini, na chini ya sinki mahali bomba linapotoboa ukuta. Utausikia upepo mkononi. Ile ni fedha yako inayotoka kila usiku wa baridi, na ukishaihisi namna hiyo hutahitaji mtu akushawishi kwamba kuziba mianya si kazi ya kupuuza. Mwombe akuandikie namba ya uvujaji aliyopata siku hiyo, maana itapimwa tena baada ya kazi.

Mkaguzi huyo huyo atapanda darini kupima unene wa vihami joto kwa rula, na akiwa na kamera ya joto atakuonyesha kuta zilizo tupu ndani. Ataangalia pia vitu vinavyoweza kusimamisha kazi: paa linalovuja, nyaya za kale, ukungu, asbesto, na rangi yenye risasi katika nyumba zilizojengwa kabla ya 1978. Usifiche. WAP inaweza kuahirisha nyumba mpaka tatizo lirekebishwe, na ni heri ulijue mapema kuliko mafundi kufika na kuondoka.

Mpangilio wa kazi ninaousimamia ni huu: ziba mianya na weka vihami joto kwanza, pampu ya joto ifuate. Ukubwa wa pampu hutegemea joto linalopotea. Nyumba inayovuja itapimiwa pampu kubwa, ya bei kubwa, na ukija kuziba baadaye pampu hiyo itakuwa inawaka na kuzima ovyo, inachakaa haraka, na wakati wa kiangazi haikaushi unyevu vizuri. Tena pampu kubwa ndiyo inayolazimisha paneli mpya ya umeme, na umeona paneli inavyokula fungu. Muuzaji wa pampu hatakwambia hivyo mara zote, kwa kuwa anauza pampu.

Kumpata fundi, na kumkwepa tapeli

Kwenye ruzuku za serikali kuu, sehemu kubwa ya majimbo hukubali kazi za mafundi waliosajiliwa kwenye mpango peke yao. Orodha iko kwenye tovuti ya jimbo. Shemeji yako anaweza kuwa fundi hodari mwenye leseni, lakini kama hayumo kwenye orodha hiyo, kazi yake hailipiwi. Mshauri ajisajili kabla.

Chukua makadirio ya bei kutoka kwa mafundi 3, yakionyesha kila kifaa, namba ya modeli, gharama ya kazi, kiasi cha ruzuku na kiasi kitakachobaki kwako. Kwa pampu ya joto, omba hesabu ya mzigo wa joto inayoitwa Manual J. Fundi anayekisia ukubwa wa pampu kwa kuangalia ukubwa wa hita ya zamani hajapima nyumba yako. Mkataba uwe na sentensi inayosema kazi haitaanza na hakuna deni mpaka kibali cha ruzuku kitoke. Fundi mwaminifu ataiandika bila ubishi.

HEAR imepangwa ili ruzuku ikatwe moja kwa moja kwenye ankara yako; fundi ndiye anayelipwa na jimbo baadaye. Kwa hiyo akikwambia lipa zote halafu utarudishiwa, simama, upigie ofisi ya jimbo uulize. Ruzuku za kampuni za umeme ndizo ambazo mara nyingi hurudishwa baada ya ununuzi, kwa hundi au kwa kupunguziwa bili.

Wanaogonga mlango wakidai wametumwa na serikali wanahitaji tahadhari ya pekee. Usimpe bili yako, maana ina namba ya akaunti. Usiweke sahihi ya kidole kwenye kompyuta yake ya mkononi kwa kuambiwa ni ya kuthibitisha tu kwamba alifika. Hapo unaweza kuwa umeuziwa mbuzi kwenye gunia, mkopo wa miaka mingi ndani yake. Kama umeshasaini nyumbani kwako mkataba wa dola 25 au zaidi, kanuni ya tume ya biashara ya serikali kuu, FTC, inakupa hadi saa sita usiku ya siku ya tatu ya kazi kuuvunja bila adhabu. Jumamosi huhesabiwa kuwa siku ya kazi, Jumapili na sikukuu za serikali hazihesabiwi. Tuma barua ya kuvunja mkataba kwa posta yenye uthibitisho, ubaki na nakala. Na kanuni hiyo hiyo inataka mkataba uwe katika lugha iliyotumika kukuuzia: aliyekushawishi kwa Kiswahili hawezi kukuachia karatasi za Kiingereza peke yake.

Kuhusu lugha, unapopiga simu ofisini sema mapema kwamba unahitaji mkalimani wa Kiswahili, na usubiri. Nawaomba sana wazazi wasimpe mtoto wa miaka 12 mzigo wa kutafsiri mkataba wa dola 13,000. Si haki kwake, na neno moja akilikosea litawagharimu wote.

Kuwasilisha ombi

Katika majimbo mengi ombi lina sehemu mbili, na zisichanganywe. Kwanza wewe unaomba kuthibitishwa kipato. Ukikubaliwa unapewa barua au namba ya ruzuku, na mara nyingi ina tarehe ya kuisha. Pili, fundi anaingiza kazi yenyewe kwenye mfumo ili fedha zitengwe kwa jina lako. Kukubaliwa kipato si kutengewa fedha. Watu huona barua ya kwanza wakashangilia, wakamwambia fundi aanze. Subiri kibali cha pili, kinachotaja kifaa, anwani na kiasi.

Tumia barua pepe unayoifungua kila siku, na uangalie pia kisanduku cha barua taka, kwa sababu ofisi ikiomba hati moja iliyokosekana hutoa siku chache za kujibu. Tarehe ya kuisha kwa ruzuku iweke kwenye simu ikukumbushe mapema. Na kabla ya fundi kufungua hata skrubu moja, piga picha za kifaa cha zamani kikiwa mahali pake: kizima, kisha kibandiko chake. Kifaa kikishapelekwa jalalani hakuna tena wa kuthibitisha kwamba kilikuwa cha gesi.

Siku ya kazi na baada yake

Usisaini hati ya kukamilika mpaka umeona kifaa kinawaka, umefundishwa kukitumia, na kipimo cha mlango kimerudiwa kama kilikuwa sehemu ya kazi. Kisha toka nje upige picha ya kibandiko cha pampu. Namba ya modeli na namba ya usajili ya kifaa ziandike kwa mkono pia, ukitofautisha sifuri na herufi O, maana mfumo wa kampuni ya umeme hukataa namba isiyolingana hata kwa herufi moja. Mwombe fundi cheti cha AHRI, kinachothibitisha kwamba sehemu ya ndani na ya nje ya pampu zimepimwa kama jozi. Ruzuku nyingi za kampuni za umeme hukitaka.

Ankara ya mwisho ionyeshe bei kamili, ruzuku iliyokatwa na ulicholipa. Ukiwa nayo, peleka ombi la kampuni ya umeme mara moja, maana huhesabu siku tangu tarehe ya kufungwa kwa kifaa. Na msimu wa kodi ukifika usiogope: IRS, mamlaka ya kodi ya serikali kuu, ilitangaza mwaka 2024 kwamba ruzuku za HOMES na HEAR hazihesabiwi kuwa kipato chako.

Kama umepanga

Mpangaji naye ana haki ya kuomba WAP, mwenye nyumba akitoa ridhaa ya maandishi. HEAR na HOMES pia zinafika kwenye nyumba za kupanga, na jengo la fleti huingia kwenye viwango vya kipato kidogo pale angalau nusu ya kaya zake zinapokuwa chini ya asilimia 80 ya AMI. Mwendee mwenye nyumba ukiwa na karatasi ya mpango mkononi, umwonyeshe atakachopata. Kisha ujue ulinzi wako: pale ruzuku hizi zinapolipia nyumba aliyopanga mtu wa kipato kidogo, Wizara ya Nishati iliweka sharti kwamba kwa angalau miaka 2 mwenye nyumba asimfukuze mpangaji ili apate kodi kubwa, wala asipandishe kodi kwa sababu ya maboresho hayo. Omba nakala ya makubaliano aliyosaini.

Ukikataliwa

Omba sababu kwa maandishi. Kama ni hati iliyokosekana au jina, rekebisha uwasilishe upya ukitaja namba ile ile ya ombi. Kama ni kipato, angalia walihesabu watu wangapi na mwaka gani wa jedwali la AMI. Mtoto aliyezaliwa karibuni au kazi iliyopotea vinaweza kukuhamisha daraja. Uliza utaratibu wa rufaa na tarehe yake ya mwisho. Kama fungu limejaa, omba kuingizwa kwenye orodha ya kusubiri, na siku hiyo hiyo piga simu kwa wakala wa WAP wa kaunti yako, kwa sababu foleni yake ni ndefu na nafasi huanza kuhesabiwa siku unayojiandikisha.